Alama za Mkono wa Shoto

Nyumbani, 9 Machi

Kijiti,

Nimefika salama. Magoti yangu yalifika kesho yake. Nakuandikia kwa sababu simu siitaki, na unajua: nasikia nusu, nusu ninabuni, halafu tunagombana kwa maneno ambayo hakuna aliyeyasema.

Sasa nikuambie niliyoyaona huko mlimani kwenu, maana mbele za watu nilijizuia. Mnakaa pachafu. Wasomi wazima, miwani puani, mmeajiriwa kuangalia mbingu, na kwenye dirisha la jikoni mtu anaweza kuandika jina lake kwa kidole! Vikombe vina mistari ya chai ya mwaka juzi. Nimefanya usafi hospitalini miaka thelathini na mmoja. Vitabu vyenu sivijui, lakini uchafu nausoma bila miwani. Yule muuguzi mkuu, mwanamke asiyemsifu hata mumewe, alikuwa akijitazama kwenye madirisha yangu ili aweke kofia yake sawa.

Mwenye adabu huko ni mmoja tu, yule fundi wa vioo mnayemwita Fundi Taratibu. Mlipopanda zile ngazi zenu za chuma (mimi na ngazi tulishaachana), yeye alinipa kiti chake, akanipa chai kwenye kikombe alichokiosha mbele ya macho yangu. Mara mbili. Huyo alilelewa na mama.

Nami sikuondoka hivihivi. Kuna mahali pamoja huko nimepaacha panapumua. Sisemi wapi. Mwenye macho ataona.

Kula. Shingo yako imebaki kamba mbili.

Bibi yako


Kituoni, 21 Machi

Bibi, shikamoo.

Barua yako imepanda na gari la maji. Nimeisoma peke yangu chumbani nikacheka mpaka mpishi akagonga ukuta. Zawadi yako tumeiona: rafu ya jikoni inang'aa hadi tunaogopa kuweka kitu juu yake. Asante.

Lakini usiyatukane sana mavumbi, Bibi, ndiyo kazi yangu. Uliponiuliza nilikuwa nakufungia mizigo, nikakujibu harakaharaka. Ngoja nikueleze vizuri. Kati ya nyota na nyota si patupu. Pana gesi, na vumbi laini kuliko moshi wa kibatari, vinaelea kama wingu, baridi ajabu. Mahali wingu linapozidi uzito kidogo linavuta la jirani, linazidi kuwa zito, linavuta zaidi. Linajikunja hivyo kwa muda mrefu usiohesabika, katikati panabanwa mpaka panapata moto, na nyota inawaka. Kinachobaki hakipotei. Kinaizunguka ile nyota changa kikiwa kimelala bapa kama sahani. Humo punje inagusa punje, zinashikana, zinakuwa changarawe, jiwe, mwamba, mwisho sayari. Hii dunia unayoifagia ilianza hivyo.

Shida ni kuyaona. Nyota inang'aa mno, vumbi lake ni hafifu. Kwa hiyo ndani ya darubini tunaweka kifuniko kidogo kuiziba nyota, kama unavyokinga jua kwa kiganja ili umtambue anayekuja. Hapo vumbi linajitokeza. Sayari inayokua yenyewe ni vigumu kuiona, ila hulamba vumbi la njia yake ikaacha pengo.

Bibi, nimeona pengo. Fundi alikuwa amekishusha kioo cha pili cha darubini kukaza skrubu zake, na kilipowekwa tena, picha za kwanza kabisa za nyota yangu zina mviringo mweusi kwenye vumbi, na kidoa cha nuru ndani yake. Sijalala. Msimamizi wangu amezitazama, kisha akaniomba nizifungue tena, na yeye si mtu wa kutazama kitu mara mbili.

Usimwambie mtu kwanza.

Mjukuu wako


Nyumbani, 2 Aprili

Kijiti,

Umesema nisimwambie mtu. Nimemwambia Mama Redio peke yake. Kama mtaa mzima unajua, na kule zahanati wanajua, na msusi amenipisha kiti, muulizeni yeye.

Kuhusu vumbi nimeelewa, usinieleze mara mbili kama mgonjwa. Kumbe miaka thelathini na mmoja nilikuwa nawafagilia watu jua lao likatupwa jalalani! Mama Redio kauliza sayari ya mjukuu wangu ni kubwa kiasi gani. Nikamwambia kubwa kuliko mdomo wako. Akanuna kidogo, kisha akaenda kutangaza na hilo.

Nimetembea hadi sokoni bila fimbo. Mtu akinisalimia namwambia, "Nisubiri kidogo, nawaza mambo ya mbinguni." Mama yako angekuwa hai angesema naringa. Naringa, ndiyo. Nimepiga deki ghorofa tatu kila siku ya Mungu ili mtu mmoja katika ukoo huu aangalie juu badala ya chini. Acha niringe.

Mpe fundi salamu zangu. Mwambie kikombe chake nakikumbuka.

Bibi yako


Kituoni, 30 Aprili

Bibi, shikamoo.

Nisamehe kwa kukawia. Kalamu ilikuwa nzito.

Sayari haipo. Haijawahi kuwepo. Kabla ya kutangaza jambo kama lile lazima ujihoji, basi tukaielekeza darubini kwenye nyota nyingine, nyota nzee iliyomaliza vumbi lake zamani. Pale hapakupaswa kuonekana kitu. Pengo likatokea, na kidoa kikatokea, mahali palepale. Tukajaribu ya tatu. Vilevile. Kwa hiyo havikuwa mbinguni. Vilikuwa kwetu.

Fundi akakishusha kile kioo cha pili, kidogo, cha ukubwa wa sinia. Kina mikwaruzo myembamba kama unywele. Mtu amekifuta. Kioo cha darubini hakifutwi, Bibi. Kimepakwa utando wa alumini mwembamba kuliko ukungu wa pumzi dirishani. Vumbi likitua juu yake halina neno, tunaliacha hata mwaka, kisha fundi anakiosha kwa maji safi yanayotiririka bila kukigusa. Ukilisugua, vumbi lenyewe linageuka msasa. Nuru ikigonga mikwaruzo inatawanyika. Tuliona mtawanyiko, tukauita sayari.

Mikwaruzo inakwenda kwa mviringo, kuanzia katikati hadi ukingoni, na mwisho inakata kushoto.

Fundi amesimamishwa kazi mpaka kikao cha tarehe 25 Juni. Funguo za chumba cha vioo ni zake, na alisema hakuna aliyeingia ila yeye. Mimi niliulizwa kama mgeni wangu alifika mle. Nikasema ulikuwa nami muda wote. Nikatia saini.

Ndivyo ilivyokuwa, sivyo, Bibi?

Mjukuu wako


Nyumbani, 11 Mei

Kijiti,

Barua imefika. Huku mvua imekata. Bomba la jikoni lilikuwa linadondosha maji, nimelifunga kwa mpira wa baiskeli, sasa linadondosha kwa adabu. Goti la kushoto limevimba, la kulia linalionea wivu. Nimeshona pazia la chumba chako upya, lile la zamani panya amelisoma lote.

Mama Redio ameuliza habari za sayari mara tatu. Nimemwambia inakua, mambo ya mbinguni hayana haraka.

Pole. Utapata nyingine, si ulisema vumbi ni jingi.

Huyo fundi ana watoto? Nauliza tu. Watu wazima husahau. Labda alikifuta mwenyewe siku moja akiwa na mawazo. Mtu anaweza kushika kitambaa bila kujua ameshika.

Ndiyo, nilikuwa nawe. Wewe ulikuwa juu na mimi chini, lakini jengo ni moja.

Kula.

Bibi yako


Kituoni, 20 Mei

Bibi, shikamoo.

Ana watoto wanne, wa mwisho mapacha. Amekuwa hapa miaka kumi na tisa. Siku hizi anatengeneza redio na pasi barazani kwake, mjini. Nilimwona niliposhuka na gari la maji. Aliniinulia mkono. Nikajifanya natafuta kitu kwenye mkoba.

Sitazunguka. Nimeisoma tena barua yako ya Machi. "Mahali pamoja panapumua." Nilidhani ni rafu. Lakini hata bila barua nilikuwa najua. Siku fundi alipokishusha kioo, niliitambua ile mikwaruzo kabla hajamaliza kuielekeza taa. Nani alinifundisha kufuta madirisha nikiwa na miaka sita, nimesimama juu ya ndoo? Katikati kwenda nje, mwisho unakata kushoto. Fundi anatumia mkono wa kulia. Hapa kituoni hakuna mwenye shoto hata mmoja.

Mkuu wa kituo hajui habari za mkono wako, nami sitamwambia. Nikisema, nitakuwa mimi niliyeleta mgeni, mgeni akaharibu kioo, kisha nikadanganya kwa maandishi. Nafasi yangu ya masomo ya juu inaamuliwa Julai. Fundi pengine atapewa onyo tu, wamrudishe. Barua yako ya Machi nimeificha ndani ya kitabu ambacho hakuna anayekifungua.

Tuache hivyo, Bibi. Nakulinda.

Mjukuu wako


Nyumbani, 29 Mei

Wewe mtoto,

Usinilinde. Mimi si yai.

Kaa chini usome. Nilikuwa kwenye kiti cha fundi, mle chumbani mwake. Ukamwita juu, wewe mwenyewe, nilikusikia: "Fundi, njoo unishikie hiki!" Akaniambia, "Mama, pumzika hapa, ila usiguse kitu, narudi sasa hivi." Usiguse kitu. Nilisikia. Sikio la kulia bado zima. Nikakaa. Macho yakaenda mezani. Kitambaa cheupe kimefunika kitu cha duara. Nikafunua ukingo tu. Kioo, Kijiti! Sijawahi kuona kizuri hivyo, na juu yake vumbi, kama kioo cha nyumba iliyohamwa. Nikasema moyoni, hawa watu hawana haya. Nikavua kitambaa changu cha kichwa, nikapulizia pumzi, nikafuta. Palipogoma nikatia mate. Nikajiona uso mzima hadi mikunjo, nikajisifu. Nikakifunika. Fundi akarudi akaniuliza kama nataka chai nyingine, nikasema naam. Nikaketi nikainywa chai ya mtu niliyetoka kumharibia.

Kwanza nilinyamaza kwa majivuno, nikitaka mgundue wenyewe mseme, "Nani kafanya haya?" Ulipoandika habari ya mikwaruzo nikanyamaza kwa aibu. Nimekuandikia habari za bomba! Mtu hana kazi, mimi nakueleza habari za bomba. Na ile ya kusema labda alikifuta mwenyewe, hiyo inanifuata jikoni, inanifuata chooni. Nikimwona mtu yeyote njiani na sanduku la vifaa, nageuka nipite kwingine, nadhani ni yeye kanifuata.

Haya, mimi niliharibu kwa ujinga na ubishi. Wewe je? Wewe umesoma. Umeziona alama ukazijua, ukamtazama baba wa watoto wanne akitoka mlangoni, ukatia saini. Kisha unaniambia ni kwa ajili yangu. Usinifanye mimi kisingizio. Na mbaya zaidi ni kwamba nimekulea mimi, wala sina wa kumsukumia lawama.

Nimemwandikia mkuu wako wa kituo. Barua ipo mezani, sijaifunga. Nitaipeleka posta Ijumaa, tarehe 14 Juni. Mpaka siku hiyo nakungoja useme mwenyewe. Likitoka mdomoni mwako utabaki na kitu. Likitoka kwangu utakuwa umekamatwa tu.

Bibi yako


Kituoni, 8 Juni

Bibi,

Nakuomba kwa magoti. Ngoja hadi Agosti. Julai ikipita nitasema, naapa kwa kaburi la mama.

Nimesoma miaka kumi na minane. Ghorofa tatu kila siku, umesema mwenyewe. Unataka tuyamwage yote kwa ajili ya mtu uliyekunywa naye chai mara moja?

Nimejaribu. Nimekwenda ofisini kwa mkuu mara mbili. Mara ya kwanza alikuwa na watu. Mara ya pili alikuwa peke yake, akaniambia, "Karibu, sema." Nikamwomba likizo ya Oktoba.

Agosti, Bibi. Tafadhali.

Mjukuu wako


14 Juni

Kwa Mkuu wa Kituo cha Darubini,

Mimi ni bibi yake yule msichana wako mwembamba anayechunguza nyota changa. Shule niliishia darasa la tatu, kwa hiyo nitasema mara moja na wewe usome mara moja.

Tarehe 4 Machi nilikifuta kioo chenu kidogo kwa kitambaa cha kichwa, pumzi na mate, kwa mkono wa shoto. Fundi alikuwa amenikataza kugusa kitu. Hakuwepo, aliitwa juu kusaidia kazi yenu. Mkitaka ushahidi nileteeni kioo kibovu nikifute mbele yenu, mlinganishe.

Mjukuu wangu alisema nilikuwa naye. Hakusema kweli. Alikuwa na nafasi ya kusahihisha na muda ukapita. Naandika hili nikijua litamfanya nini. Mtu asije akaniambia baadaye kwamba sikujua.

Mrudishieni fundi funguo zake.

Naomba mnisamehe. Hayo maneno mawili yamenichukua wiki mbili.

Bibi wa msichana


Mjini, 6 Julai

Mama, shikamoo.

Barua yako kwangu niliipata. Ile ya mkuu ilisomwa kwenye kikao. Mjumbe mmoja alicheka ilipofika kwenye mate, akanyamazishwa. Mimi sikucheka.

Nimerudishiwa funguo tarehe mosi. Nimepewa na onyo, kwa kumwacha mgeni peke yake mle na kwa kusema hakuna aliyeingia. Onyo ni halali. Mama, mimi nilijua siku ileile. Niliporudi nilifunua kitambaa nikakuta kioo kinawaka kama taa. Ningesema saa ile tungekiweka kando, na binti asingehangaika na sayari isiyokuwepo. Lakini mgeni haachwi mle, na mimi nilikuacha. Nikakumiminia chai nyingine. Kisha nikakirudisha kioo darubinini nikiomba isionekane kitu. Miaka kumi na tisa ya kusema taratibu, taratibu, na siku moja ya woga. Kwa hiyo fungu langu niachie, ni langu.

Umeniomba msamaha. Sitakudanganya: bado. Mapacha wangu waliulizwa shuleni kama ni kweli baba yao kavunja darubini. Wakanyamaza, kwa sababu hawakujua wajibu nini, na mimi sikuwaambia. Nikiwa tayari nitakuandikia.

Hayo ya mate ungeniachia bila kunieleza.

Fundi wa vioo


Nyumbani, 15 Julai

Kijiti,

Mwezi mzima hujaandika. Ni haki yako. Na mimi ni haki yangu kuandika.

Nimekwenda kwa Mama Redio. Nimemwambia kwa mdomo wangu kwamba sayari hakuna, kwamba ni mkono wangu ulioitengeneza, na kwamba mtu alisimamishwa kazi nikiwa nimekaa kimya. Nilijiandaa acheke. Nilitaka acheke, nimtukane, tumalize. Akanishika bega akasema, "Pole sana, mwenzangu." Hajamwambia mtu! Huyo mwanamke hajawahi kunyamaza tangu alipozaliwa, na kwangu mimi kanyamaza. Sijawahi kuona aibu kama ile.

Fundi hajanisamehe. Ameandika wazi. Mtu anayesema "bado" namheshimu kuliko anayesema "yameisha" huku anameza mate.

Sikuombi kitu. Nilichofanya tarehe 14 ningekifanya tena, na kila siku kinanichoma. Yote mawili ni kweli, sijui yanakaaje pamoja.

Bibi yako


Kituoni, 28 Agosti

Bibi,

Nimekuandikia barua mbaya nne. Zimo kwenye droo. Hii ni ya tano.

Barua yako kwa mkuu ilisomwa nikiwa nimekaa pale, watu kumi na wawili. Mkuu alipofika kwenye "Hakusema kweli" akanitazama. Kisha akaizungusha mezani ili kila mmoja aione. Na unajua nilichowaza? Sikumwaza fundi. Sikuwaza hata uongo wangu. Niliwaza jinsi mwandiko wako ulivyo mbaya, na kwamba wote wanauona. Bibi, nilikuonea aibu wewe. Kati ya yote niliyofanya mwaka huu, hilo ndilo linaloniamsha.

Nafasi ya masomo amepewa mwingine. Darubini siigusi hadi mwakani. Wamenipa picha zote zilizopigwa na kile kioo, elfu moja na mia mbili, nizipitie mojamoja. Chini ya kila moja naandika: mkwaruzo. Juzi waliweka kioo kipya wakaielekeza kwenye nyota yangu, wakaniita nione. Vumbi lake limetandaa laini pande zote, halina pengo. Huenda sayari ndiyo kwanza zinaanza kushikana humo, huenda hazitakuwepo. Hatutaishi hadi zijulikane.

Nilikwenda nyumbani kwa fundi. Nilisema yote, hata saini. Mapacha wake walikuwa pale, akawaacha wasikilize. Nilipomaliza akasema, "Siku ile mjini nilikuinulia mkono." Basi. Akaendelea na redio aliyokuwa ameifungua. Nilikaa kidogo, nikaondoka.

Oktoba nina likizo. Sijui kama nije.

Shikamoo, Bibi. Nimeiweka mwisho kwa sababu mwanzoni ilinishinda.

Mjukuu wako


Nyumbani, 6 Septemba

Kijiti,

Marahaba.

Mwandiko wangu ni mbaya kweli. Nilitolewa shule kumlea mdogo wangu kabla vidole havijaizoea kalamu. Mimi mwenyewe nauonea aibu, ndiyo maana kila barua unayoipata nimeiandika mara mbili, ya kwanza naichana. Sasa unajua. Hilo usilibebe peke yako kama gunia, tushikane mkono huku na huku.

Unauliza uje. Njoo. Ila usidhani utamkuta bibi mlangoni anatabasamu na mambo yote yamepangwa. Sijui nitakuwa na uso gani. Kwenye barua nimekuwa jasiri kwa sababu hukuwepo. Nimekukaripia, nimekushtaki, nimekiri mate yangu mbele ya wasomi kumi na wawili, yote nikiwa nimeketi jikoni kwangu, hakuna anayeniona. Ukifika utasema shikamoo, na mimi itabidi nikuitikie nikiwa nakutazama, wewe nawe unanitazama. Hilo ndilo ninaloliogopa tangu Mei, kuliko mkuu wako na kikao chake.

Njoo mchana, kuwe na mwanga.

Bibi yako